Kaka kanyimwa parole ya muda, mahakama inaweza kuingilia kweli?

mtu_wa_Arua

Salaam kwenu wote. Naomba mawazo hasa ya wale wanaojua sheria ya huku Uganda maana hapa mtaani kila mtu ananiambia lake. Kaka yangu mkubwa yuko ndani, kesi ilikuwa unyang'anyi ule wa kawaida siyo wa silaha, chief magistreti akampa miaka 9 mwezi wa tano 2020. Ukitoa ile theluthi wanayopunguziwa wenye tabia nzuri anatoka mwezi wa tano mwaka huu 2026, hiyo tarehe hata askari wanaijua.

Sasa mzee wetu alifariki, kaka hakuhudhuria mazishi, tukasema basi ni mapenzi ya Mungu. Lakini ukoo wanataka kukaa wagawe shamba na kaka ndiye kifungua mimba, mama naye hali yake siyo nzuri, kila siku anauliza mtoto wake yuko wapi. Mfungwa mmoja wa zamani ndio akamwambia kaka kwamba ukibakiza miezi 6 unaweza kuomba parole, unatoka kwa muda unarudi. Akaomba mwezi wa kumi na moja. Mwezi wa kwanza akaambiwa haiwezekani. Hivyo tu, haiwezekani, hakuna karatasi wala maelezo.

Kuna jamaa kaniambia hiyo kitu unaipeleka High Court (Mahakama Kuu) jaji anaamuru atoke wiki hiyo hiyo. Mwingine akacheka sana akasema jela ni jela mahakama haigusi mambo ya ndani. Nani anasema kweli? Na je tukienda mahakamani si watamfanyia vituko kaka huko ndani?

Mpwani_Tanga

Pole sana ndugu. Hapo msihangaike na jaji, nendeni Bodi ya Parole, wao ndio wanakaa wanapitia majina, kuna bodi ya mkoa kisha ya taifa. Sheria yake ni ya mwaka 1994.

Busia_kwetu

@Mpwani_Tanga hiyo ni kwenu Tanzania mzee wangu. Huku hakuna kwenda kwenye bodi, sheria imempa Kamishna Jenerali wa Magereza mwenyewe. Mtamfungisha mtu safari ya bure mpaka Kampala aulize bodi.

wakili_mdogo

Pole na msiba @mtu_wa_Arua. Niseme mapema mimi siyo wakili wako, nafanya kazi ofisi ya mawakili na makaratasi ya kesi za namna hii nimeshayaandaa, kwa hiyo chukua kama ushauri wa ndugu halafu utafute mtu aone faili.

Wale wawili wa mtaani waliokuambia wamekosea, kila mmoja kwa upande wake. Sheria ya Magereza ya 2006 inasema Kamishna Jenerali anaweza kumruhusu mfungwa, ndani ya miezi 6 kabla ya tarehe yake ya kutoka, awe nje ya gereza kwa muda utakaotajwa na kwa masharti atakayoweka yeye Kamishna, na anaweza kumuita arudi wakati wowote akiona inafaa. Hakuna sehemu inayomlazimisha atoe. Sasa watu wakisikia hivyo wanadhani basi ni zawadi ya mkubwa, akitaka anatoa asipotaka anakaa nayo na hakuna wa kumuuliza. Hapana. Ibara ya 42 ya Katiba yetu ya 1995 inasema mtu yeyote aliye mbele ya afisa wa serikali ana haki ya kutendewa kwa haki na usawa, na ana haki ya kwenda mahakamani kuhusu uamuzi wowote wa kiutawala uliofanywa dhidi yake. Imeandikwa mtu yeyote, haikuandikwa mtu yeyote isipokuwa mfungwa.

Njia yenyewe ndiyo hii tunaita mapitio ya mahakama, kanuni zake ni za 2009 na zilirekebishwa 2019. Unapeleka Mahakama Kuu kwa hoja na hati ya kiapo. Huhitaji kupanda basi kuja Kampala, Arua mna Mahakama Kuu hapo hapo. Jaji atatazama mambo matatu, na kesi wanayoitaja kila siku kwa hili ni ile ya Pastoli na halmashauri ya wilaya ya Kabale, 2008: je aliyeamua alikuwa na mamlaka na alifuata sheria, je alifuata utaratibu wa haki yaani alimsikiliza mtu na hakuwa na upendeleo, na je uamuzi wenyewe una akili au ni wa ajabu kiasi kwamba afisa yeyote mwenye akili timamu asingeufikia. Basi. Jaji haulizi kama kaka yako ni mtu mzuri, haulizi kama mama anaumwa kweli, haulizi kama yeye jaji angempa ruhusa. Hiyo siyo rufaa.

Kwa hiyo mkishinda kabisa kabisa, mnachopata kwa kawaida ni uamuzi kufutwa na Kamishna kuamriwa alitazame ombi upya kwa njia sahihi. Akilitazama upya vizuri, akasikiliza, akatoa sababu zenye maana, anaweza kukataa tena na mkarudi nyumbani. Huyo aliyekuambia jaji anaamuru atoke wiki hiyo hiyo anauza ndoto.

Kabla sijaendelea unijibu kitu kimoja, maana kila kitu kinategemea hapo: NANI alikataa? Kuna mtu alimwambia kaka hilo "haiwezekani", alikuwa nani, na ombi lilifika wapi?

Kaka_Bombo

Haya maneno yote mazuri ila tuseme ukweli, mapitio ya mahakama ni ya wenye pesa. Wakili akisikia High Court anaanza kuhesabu mafuta, chakula, karatasi, mpaka usingizi wake. Huyo ndugu ana mama mgonjwa na shamba ambalo halijagawanywa, atalipa na nini? Miezi ya kungoja hearing si kaka atakuwa ameshatoka anakunywa chai nyumbani. Mimi ningekaa kimya.

mtu_wa_Arua

@wakili_mdogo asante sana. Aliyemwambia ni karani wa ofisi ya pale gerezani, siyo OC (mkuu wa gereza) mwenyewe. Alimwambia eti "watu wa unyang'anyi hatuwapelekei majina". Kaka anasema hajui kama barua yake iliwahi kutoka pale ofisini au iko kwenye droo. Aliandikiwa na mfungwa mwenzake anayejua Kiingereza, akapeleka kwa nyapara wa wodi, nyapara akapeleka ofisini, hapo ndio mwisho wa habari.

@Kaka_Bombo nakuelewa bro, na mimi mwenyewe pesa ndiyo inaniogopesha kuliko jaji.

Afande_Mstaafu

Mwanangu nimesoma yote. Nimevaa yale magwanda muda mrefu nikastaafu salama, niongee kidogo.

Kwanza usiichukie ofisi kabla hujajua. Gereza limejaa, makarani ni wawili watatu, barua za wafungwa ni rundo, na barua iliyoandikwa na mfungwa mwenzake bila jina la kijiji, bila tarehe ya kutoka, bila kusema anakwenda kukaa kwa nani, hiyo ilikuwa inakaa chini ya rundo hata kama hakuna mtu mwenye roho mbaya. Faili la mfungwa anayeomba kutoka ni kama ng'ombe wa mahari, kila mtu anataka kumzunguka amkague kabla hajakubali. OC lazima aandike maoni yake. Wanaangalia rekodi ya makosa ya ndani, kama alipigana, kama alikutwa na simu, kama alijaribu kutoroka. Wanataka kujua nyumbani watampokea, na hapo ndio barua ya LC1 (mwenyekiti wa kijiji) ina nguvu kuliko mnavyofikiri, na neno la afisa wa probation (ustawi wa jamii) wa wilaya. Na tena, waliodhulumiwa wako wapi? Kama yule mlalamikaji wa unyang'anyi anakaa kijiji kile kile na hamjaongea naye, afisa yeyote anaogopa mtu wako akipigwa na wananchi siku ya pili, lawama inarudi kwake.

Pili, hiyo ya kwamba watu wa unyang'anyi hawapelekewi majina, hiyo nimeisikia sana enzi zangu, kila gereza lilikuwa na orodha yake ya mdomo. Haijaandikwa popote. Ilianza tu na OC mmoja aliyechomwa na mtu asiyerudi, waliokuja baada yake wakaishika kama sheria.

Tatu kuhusu vituko. Sitakudanganya kwamba haiwezekani, lakini mambo yamebadilika kuliko zamani. Ndani kuna kamati za haki za binadamu, za askari na za wafungwa wenyewe, na Tume ya Haki za Binadamu wana ofisi Arua na wanaingia magerezani bila kubisha hodi sana. Mtu ambaye kesi yake inajulikana nje mara nyingi anaachwa, maana kila jambo litakalompata litaulizwa. Ila mwambie kaka asiropoke. Asianze kuwatishia askari eti nitawaona mahakamani. Aendelee na kazi yake, asipoteze ile theluthi yake sasa hivi kwa ugomvi wa kijinga, maana kosa la nidhamu linaweza kumla siku alizokwisha kuzipata, na hapo hata mwezi wa tano wenyewe utasogea.

wakili_mdogo

Afande heshima yako, umenisaidia sana maana huo upande wa ndani sisi tunauona kwa karatasi tu.

@mtu_wa_Arua sasa sikiliza vizuri, hilo jibu lako limebadilisha kesi nzima. Mwanzoni nilidhani Kamishna Jenerali alikataa. Kumbe kwa maelezo yako inawezekana Kamishna Jenerali hajawahi kuliona ombi. Karani alikataa. Sasa karani alipata wapi hayo mamlaka? Sheria imempa Kamishna Jenerali. Kama alimkasimia mtu mwingine kazi hiyo kihalali sawa, waoneshe hiyo karatasi, lakini karani wa gereza kuamua mwenyewe majina yapi yaende na yapi yasiende, hapo huhitaji hata kubishana kama uamuzi ni mzuri au mbaya, umefanywa na mtu asiye na uwezo wa kuufanya. Hiyo ndiyo hoja ya kwanza ya Pastoli, uvunjaji wa sheria, na ni hoja ambayo mawakili wa serikali wanaihangaikia sana kuijibu.

Na ile ya "watu wa unyang'anyi hatuwapelekei", hiyo nayo ni zawadi mmepewa. Mwenye mamlaka ya kuchagua anaruhusiwa kuwa na sera, anaweza kusema makosa mazito tutayatazama kwa jicho kali, hakuna tatizo. Kinachokatazwa ni kufunga mlango kabisa, kusema mtu wa aina fulani hata tusimsome. Mimi nikikisoma kile kifungu cha parole sioni orodha ya makosa yaliyotengwa. Sasa kama Bunge halikuweka orodha, karani ataiwekaje.

Ila msikimbilie kupeleka kesi kesho asubuhi, mtatupwa nje. Kanuni za 2019 zimeongeza kwamba jaji lazima aridhike kuwa mlimaliza njia za ndani kwanza, na kwamba jambo lenyewe ni la ofisi ya umma. Kwa hiyo andikeni. Barua moja, fupi, kwa Kamishna Jenerali kupitia OC, na nakala nyingine ipelekwe moja kwa moja makao makuu Kampala ili isiishie kwenye droo ile ile. Mseme ombi lilifanywa lini, kaambiwa nini na nani, tarehe yake ya kutoka ni ipi, anaomba siku ngapi na atakaa wapi, mnaomba uamuzi wa Kamishna mwenyewe na sababu zake kwa maandishi, na mtaje siku mnayotegemea jibu. Ambatanisha vile alivyosema afande, barua ya LC1, ya probation, karatasi ya hospitali ya mama, cheti cha kifo cha mzee. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri huna barua, una hadithi.

Hii barua inafanya kazi mbili. Kwanza inaweza kumaliza mambo hapo hapo, nimeona barua yenye muhuri inaamsha faili lililolala. Pili kama wakinyamaza, ukitaka jaji amlazimishe afisa kufanya kazi yake lazima uoneshe ulimdai na hakufanya. Bila madai hakuna amri.

Na mkitaka kujua faili limeandikwa nini kuna Sheria ya Kupata Taarifa ya 2005, unaomba kwa afisa habari wa taasisi na wana siku 21 za kukujibu. Raia yeyote anaweza, haihitaji wakili.

Sasa kuhusu saa, na hapa @Kaka_Bombo hakukosea. Kanuni inasema uende haraka na kwa vyovyote ndani ya miezi 3 tangu sababu ya malalamiko ilipotokea, jaji anaweza kuongeza kama kuna sababu nzuri lakini usijenge nyumba juu ya huruma ya jaji. Aliambiwa mwezi wa kwanza, hivyo mna mpaka mwezi wa nne. Na msidhani kuandikiana barua kunasimamisha hiyo saa, haisimami. Halafu yeye anatoka mwezi wa tano. Yaani mkichelewa hata kidogo kesi itakuwa inasikilizwa wakati kaka yuko nyumbani, jaji atauliza sasa niamuru nini, wakili wa serikali atasema limepitwa na wakati na itakuwa kweli. Ndiyo maana hizi kesi za parole ya miezi 6 za mwisho huzioni nyingi mahakamani, siyo kwamba maafisa hawakosei, ni kwamba kifungo kinaisha kabla ya kesi. Mkifika huko wakili lazima aombe isikilizwe kwa dharura.

Mshtakiwa wenu atakuwa Mwanasheria Mkuu wa serikali, karani msimuweke. Karani mwacheni kabisa.

mama_Z

Samahani naingilia. Nimesoma sheria kidogo (sikumaliza, maisha) na hii mada ilinivutia tangu chuo. Niongeze tu kwamba msitegemee sana hoja ya "tuliahidiwa". Kuna watu watamwambia kaka yako adai kwamba alipoingia aliambiwa ukiwa na tabia nzuri utapata parole, kwa hiyo ana matarajio halali. Uingereza wafungwa walijaribu hiyo miaka ya 1990, kesi ya Hargreaves. Walipoingia waliambiwa wanaweza kuomba likizo ya nyumbani wakimaliza theluthi ya kifungo, na walitia saini makubaliano na gereza, kisha waziri akabadilisha sera ikawa mpaka nusu ya kifungo. Wakaenda mahakamani, wakashindwa, Mahakama ya Rufaa ikasema unachoweza kutarajia ni ombi lako litazamwe kwa sera iliyopo siku unayoomba. Kesi za Uingereza hazitufungi lakini majaji wetu wanazisoma.

Upande wa kutoa sababu ndio Uingereza inawasaidia, ile kesi ya Doody ya 1993, mabwana wa House of Lords (mahakama ya juu kabisa ya huko wakati ule) walisema mfungwa wa maisha lazima aambiwe sababu za muda aliowekewa ili aweze kuupinga. Mtu asiyejua kwa nini amekataliwa atapinga nini?

India nao wana kesi nyingi za hivi kuliko sisi sote, huko wanatofautisha likizo ya kawaida ya mfungwa na parole ya sababu maalum kama msiba au ugonjwa. 2021 Mahakama ya Juu ilifuta likizo ya wiki mbili ambayo jaji wa Mahakama Kuu ya Gujarat alimpa mfungwa mmoja maarufu, wakasema siyo haki isiyo na mipaka, mamlaka wakiwa na sababu za usalama zenye ushahidi wanaweza kukataa. Kwa hiyo hata huko ambako majaji wanajitosa, bado wanarudi kwenye swali la sababu zilizotolewa.

Kaka_Bombo

Sawa nimeelimika, nafuta nusu ya maneno yangu. Nusu ya pesa naiacha.

Busia_kwetu

Ya pesa: Justice Centres Uganda iko chini ya mahakama yenyewe na ni bure kwa asiyeweza. Uganda Law Society wana mradi wao wa msaada wa sheria. Na ndani ya magereza mengi kuna wale paralegal (wasaidizi wa kisheria) wa PAS, yaani Paralegal Advisory Services, wanaingia, kaka aulize tu siku gani wanakuja. Justice Defenders nao wanafundisha wafungwa na askari sheria huko huko ndani. Kwa barua tu kama alivyosema wakili_mdogo huhitaji kulipa hata shilingi, labda boda ya kwenda posta.

Afande_Mstaafu

Na jambo jingine mwanangu, hili nimelikumbuka usiku. Kabla hujalilia parole hesabu kifungo chenyewe. Umesema 2020 alihukumiwa. Alikaa mahabusu muda gani kabla ya hapo? Na kwenye hati ya kifungo magistreti aliandika miaka 9 baada ya kutoa hizo siku au kabla? Nimeona wafungwa wanapigania wiki mbili za parole huku wamenyimwa miezi ambayo ni yao kabisa.

mtu_wa_Arua

Mzee wangu hapo umenigusa. Alikamatwa mwishoni mwa 2018. Hukumu sijaiona, nilikuwepo siku ile lakini nilichosikia ni miaka 9 tu, mama alianguka nikawa namshughulikia.

wakili_mdogo

Afande anasema kweli tupu. Ibara ya 23(8) ya Katiba inataka mahakama izingatie muda wa mahabusu wakati wa kutoa adhabu, na Mahakama ya Juu kwenye kesi ya Rwabugande mwaka 2017 ilisema huo muda utolewe kwa hesabu, siyo kusema tu nimezingatia. Mwaka uliofuata kwenye kesi ya Abelle Asuman wakalegeza kidogo kuhusu maneno anayotumia jaji. Kwa hiyo pata nakala ya hukumu na hati ya kifungo, mahakama iliyomhukumu wanatoa.

Ukikuta magistreti alitoa vizuri lakini gereza limepiga hesabu vibaya, hilo ni kosa la utawala, andika barua ile ile uliyokuwa uandike, weka aya moja zaidi. Ukikuta magistreti mwenyewe hakutoa, hiyo ni rufaa, siyo mapitio. Muda wa rufaa ni siku 14 na umepita zamani, itabidi muombe mahakama iwaongezee muda mkieleza sababu. Msichanganye hizo mbili kwenye karatasi moja, mtapoteza zote.

Fanyeni hesabu hata kwa kidole: kama ni karibu mwaka na nusu wa mahabusu haukutolewa, basi kwa haki angekuwa na kama miaka 7 na nusu, ukitoa theluthi inabaki 5, angekuwa ameshatoka mwaka jana. Sisemi ndivyo ilivyo, nasema ndiyo maana unahitaji ile hati kabla ya kitu kingine chochote.

mama_Z

Ehh. Hapo parole inakuwa jambo dogo.

Na ya shamba @mtu_wa_Arua, kikao cha ukoo msikiache kimzibe mama mdomo. Kaka anaweza kutia saini hati ya uwakilishi akiwa huko huko ndani, akakupa wewe au mtu anayemwamini asimame kwa niaba yake. Au ukoo wangoje mpaka mwezi wa tano, wamengoja mazao misimu mingapi.

mtu_wa_Arua

Wazee wangu na dada yangu asanteni. Ukoo nimeshawaambia wangoje, mjomba amenuna lakini amekubali. Kesho nakwenda mahakamani kuomba hukumu, kisha barua. Swali la mwisho: kaka Kiingereza hajui, anasoma Kiswahili na Kilugbara tu. Ikifika hatua ya kiapo atakiri vipi maneno asiyoyaelewa? Na mimi naweza kuapa badala yake?

wakili_mdogo

Kiswahili Katiba inakitambua kama lugha rasmi ya pili tangu 2005 lakini mahakamani bado karatasi ni Kiingereza, ndivyo tulivyo.

Hati ya kiapo atafsiriwe na asomewe kwa lugha anayoijua kabla ya kutia saini au dole gumba, na mwisho wa hati iandikwe kwamba alisomewa, kwa lugha gani, na akaelewa. Aliyemwandikia aweke jina lake kamili na anuani. Kuna sheria ya kulinda wasiojua kusoma au wasioijua lugha ya hati, na serikali ikikuta hicho kipande hakipo wataomba hati yote itupwe na watapewa. Hii inahusu hata ile barua ya kwanza kama kuna mtu anamwandikia.

Wewe unaweza kuapa, kanuni za 2019 zinamruhusu mtu mwenye maslahi ya kutosha kwenye jambo, na ndugu wa damu anayo. Lakini apa yale uliyoyaona na kuyasikia wewe: ugonjwa wa mama, msiba, barua uliyopeleka na muhuri wake. Maneno ya karani aliyasikia kaka, ayaape kaka. Wakili au paralegal aende gerezani na kamishna wa viapo, au hati ipelekwe kwa utaratibu wa ofisi ya OC. Ukipata hukumu weka hapa ile sehemu ya adhabu tu, ficha majina, tuisome.